Kiitikio na Jibu: Mhubiri na Hadhira Yake Katika Nyanza Kusini

1. Utangulizi

Katika mafunzo yetu ya fasihi simulizi tumezoea kutaja mambo matatu: fanani, hadhira, na utendaji. Mwanafunzi akiombwa mifano atamtaja mtambaji wa hadithi, manju wa ngoma, washairi wanaojibizana, na mwimbaji wa msibani. Ni mara chache sana atamtaja mhubiri. Jambo hili linashangaza, kwani katika sehemu nyingi za Afrika ya Mashariki leo mtu anayesimama mbele ya umati na kuusemesha kwa saa nzima bila ya kusoma karatasi, huku akichanganya methali, visa, nyimbo na ishara za mwili, ni mhubiri. Mtambaji twamtafuta kwa tochi, lakini mhubiri yuko katika kila soko.

Makala haya yanakusudia kuyatazama mahubiri ya Kikristo kama utanzu wa fasihi simulizi, na kuyachunguza mahali pamoja: Nyanza Kusini, katika eneo ambalo sasa ni kaunti za Migori na Homa Bay. Tutawaachia wanatheolojia swali la kama mahubiri hayo yalikuwa ya kweli au ya uongo. Swali letu ni la mhakiki: wasikilizaji walikuwa na nafasi gani katika kuyaunda?

Ili kulijibu swali hilo inafaa kwanza kutofautisha sauti mbili za hadhira. Ya kwanza nitaiita kiitikio. Hii ni sauti ambayo fanani ameiandalia nafasi tangu mwanzo, na ikitoka humtia nguvu aendelee na safari aliyokwisha kuipanga. Ya pili nitaiita jibu. Hii ni sauti iwezayo kuibadili safari yenyewe, kwa swali, kwa kicheko kisichotarajiwa, kwa kunyamaza, au kwa kuondoka. Hoja yangu ni kwamba historia ya mahubiri katika Nyanza Kusini ni historia ya hadhira iliyopewa kiitikio na kunyimwa jibu, na ambayo imelitafuta jibu hilo kila mara kwa njia mpya. Aidha, nitajaribu kuonyesha kwamba kulipoteza jibu si hasara ya sanaa peke yake.

2. Hadhira iliyokuwapo kabla ya mhubiri

Watu wa kusini mwa Ghuba ya Winam hawakuanza kuwa wasikilizaji siku alipofika mmisionari. Walikuwa wamefunzwa kusikiliza tangu utotoni. Katika siwindhe, yaani nyumba ya bibi ambamo wasichana walilala, kulikuwa na hadithi na vitendawili. Kitendawili kwa asili yake ni nusu ya maneno; nusu ya pili imo kinywani mwa anayeulizwa, naye akinyamaza mchezo umekufa. Katika duol, baraza la wanaume kando ya moto wa mwenye boma, mzee alisema na wengine wakamrekebisha kuhusu ukoo, mpaka wa shamba, au deni la ng'ombe.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni pakruok, yaani desturi ya kujisifu au kumsifu mwingine katikati ya muziki. Mpiga nyatiti anapokuwa katika kilele cha wimbo wake, msikilizaji anaweza kumsimamisha. Atatoa fedha, atajitaja kwa majina ya sifa, atamtaja shemeji yake, rafiki yake, au kijiji alikooa. Fundi wa nyatiti hana budi kungoja. Kisha huyachukua maneno yale akayasuka ndani ya wimbo, na wimbo unaoendelea si ule uliokatizwa. Hapa jibu ni sehemu ya kanuni za sanaa yenyewe, na ustadi wa fanani hupimwa kwa jinsi anavyopokea kukatizwa.

Haifai lakini kuipamba hali hiyo kupita kiasi. Jibu katika duol lilikuwa la wanaume. Mwanamke na mtoto hawakukaa pale kama wasemaji, na katika pakruok mwenye fedha alisikika zaidi kuliko maskini. Jambo hili litakuwa na uzito tutakapofika kwa Gaudencia Aoko. Kwa sasa yatosha kusema kwamba mhubiri wa kwanza hakuikuta hadhira tupu. Alikuta watu waliojua kwamba msemaji aweza kusimamishwa.

3. Gendia: mhubiri aliye mwanafunzi

Mwishoni mwa mwaka 1906 Arthur Carscallen, Mwadventista Msabato kutoka Kanada, alifika Gendia, kilima kilicho karibu na Kendu Bay, pamoja na Peter Nyambo kutoka Nyasaland, nchi ambayo sasa ni Malawi. Wote wawili hawakuijua lugha ya mahali pale. Hali hii huelezwa kwa kawaida kama shida ya mwanzo iliyoondoka baada ya miaka michache. Kwa mhakiki, hata hivyo, ni jambo la msingi. Mhubiri asiyejua lugha ya wasikilizaji wake huwa kwanza ni mwanafunzi wao. Carscallen alijifunza Kijaluo, akakusanya maneno yake na kuandika sarufi, akatafsiri sehemu za Agano Jipya, na Gendia ikapata mtambo wa kupigia chapa. Kila neno katika kazi hizo lilitoka kwanza kinywani mwa mtu aliyeulizwa, "Hiki mwakiitaje?" Mahubiri ya baadaye yalijengwa kwa matofali yaliyofyatuliwa na hadhira.

Okot p'Bitek ametupa kisa kinachoonyesha jinsi tofali moja linavyoweza kuigeuza nyumba nzima. Katika African Religions in Western Scholarship (1970) anasimulia jinsi mapadre wa Kiitalia walivyowauliza wazee wa Kiacholi mwaka 1911 ni nani aliyewaumba. Swali lilipotafsiriwa likawa: ni nani aliyewafinyanga? Mzee mmoja akakumbuka kwamba wako watu ambao mgongo wao hupinda kwa maradhi, na kwamba anayewafinyanga hivyo huitwa Rubanga. Basi akajibu: Rubanga. Tangu hapo jina la jini la kibiongo likawa jina la Mungu katika mahubiri. Waacholi ni ndugu wa Wajaluo kwa lugha, na kisa hiki hakituambii yaliyotokea Gendia. Kinatufundisha jambo pana zaidi, kwamba msikilizaji aliyeulizwa swali amekwisha kuingia ndani ya mahubiri, na sauti yake itabaki humo hata mhubiri asipoisikia.

Chinua Achebe naye, katika riwaya ambayo Clement Ndulute aliitafsiri kwa jina la Shujaa Okonkwo (1973), ameonyesha upande wa kicheko. Mkalimani wa mmisionari anasema lahaja nyingine, na neno lake la "mimi mwenyewe" masikioni mwa watu wa Mbanta lina maana ya makalio. Watu wanacheka. Wahakiki wengi wamekitazama kicheko hicho kama ucheshi wa kupumzisha msomaji. Mimi nakiona kuwa ndilo jibu la kwanza la kijiji kwa mahubiri.

Jambo la pili la kuangalia Gendia ni umbo la kikao. Katika duol watu walizunguka moto, wakatazamana. Ndani ya kanisa walipangwa kwa safu, wote wakimtazama mmoja, na mgongo wa jirani ukawa ndio uso wake. Katika umbo hilo kunyamaza ni adabu na kukatiza ni utovu wa adabu. Waliokuja walipewa jina la josomo, yaani wasomaji, na jina hilo linatuambia walichokuwa wakikitafuta. Wengi walivumilia ukimya wa safu ili wapate herufi. Wasabato wenyewe walibakiza mlango mmoja wazi: katika Shule ya Sabato washiriki hugawanyika katika madarasa madogo, wakaketi pamoja na kulijadili fungu kabla ya hotuba kuu. Anayetaka kujua kwa nini Usabato ulishika mizizi mirefu katika Nyanza Kusini asiitazame mimbari peke yake. Naatazame pia vikundi vile chini ya miti, na makambi ya kila mwaka ambako mazungumzo ya usiku hayana mwenyekiti.

4. Mumbo: jibu kwa umbo la mahubiri

Jibu la kwanza lililotikisa serikali halikutoka ndani ya kanisa. Mwaka 1913 Onyango Dunde wa Alego, ng'ambo ya kaskazini ya ghuba, alieleza kwamba nyoka mkubwa ajabu alitoka ziwani, akammeza, kisha akamtapika mzima na kumpa ujumbe awapelekee watu. Nyoka huyo ni Mumbo. Ujumbe wake ulivuka na kuenea Nyanza Kusini na nchi ya Wagusii. Wazungu wangeondoka, dini yao haikufaa, na wafuasi walitakiwa kufuga nywele, kuvaa ngozi na kuchinja mifugo yao. Septemba 1914 majeshi ya Wajerumani yalipoingia Kisii, baadhi ya vituo vya misheni viliporwa, na wengi wakaona kwamba utabiri umeanza kutimia. Baadaye serikali iliwahamishia pwani baadhi ya viongozi wa Mumbo.

Audrey Wipper, katika Rural Rebels (1977), ameichunguza Mumbo kama uasi wa watu wa mashamba dhidi ya utawala wa kigeni, na hatuna sababu ya kumpinga. Lakini tukiusoma ujumbe wenyewe kama matini, tutaona jambo ambalo neno "uasi" halilitoshelezi. Mtu anayemezwa na kiumbe cha majini, akatapikwa akiwa hai, kisha akatumwa kuwahubiri watu, si mgeni kwa yeyote aliyewahi kuketi kanisani. Sina ushahidi kwamba Onyango Dunde alikisikia kisa cha Yona. Nasema tu kwamba wasikilizaji waliokwisha kukisikia walikuwa na sikio lililo tayari. Hali kadhalika, amri zake zinafuata umbo la amri za misheni na kuzigeuza. Misheni ilisema kata nywele, Mumbo akasema zifuge. Misheni ilisema vaa nguo, Mumbo akasema vaa ngozi. Misheni iliahidi mwisho wa dunia, na Mumbo akaahidi mwisho wa utawala. Haya ni mahubiri yaliyojibiwa kwa mahubiri, kama shairi linavyojibiwa kwa shairi la bahari ile ile.

Hapa pana onyo pia. Wafuasi wa Mumbo walipata msemaji aliyesema kwa niaba yao, lakini hawakupata nafasi ya kumjibu. Aliyechinja ng'ombe wake wote kwa kungoja siku ile hakuwa na mlango wa kurudia. Jibu la umati laweza kuwa amri kwa mtu mmoja mmoja.

5. Kitabu mikononi mwa hadhira

Agano Jipya la Kijaluo lilitoka mwaka 1926, na Biblia nzima mwaka 1953. David Barrett, katika Schism and Renewal in Africa (1968), amedai kwamba Maandiko kwa lugha ya nyumbani ni miongoni mwa sababu kubwa za kuzaliwa kwa makanisa huru barani, na Wajaluo ni mojawapo ya mifano yake mikuu. Dai hilo laonekana kuwa na nguvu. Mhubiri aliyekuwa peke yake na kitabu aliweza kusema, "Imeandikwa." Msikilizaji alipopata kitabu hicho hicho aliweza kuuliza, "Imeandikwa wapi?" Akasoma kuhusu Ibrahimu na Yakobo na wake zao, akauliza kwa nini mwenye wake wawili hukataliwa ubatizo. Swali hilo halikuwa kiitikio.

Ila Barrett anahesabu makanisa yaliyojitenga, na takwimu za namna hiyo haziwezi kutuonyesha yaliyotokea katika masikio. Lugha ya Maandiko ilikuwa na gharama. Katika visiwa vya Rusinga na Mfangano na pwani ya karibu walikaa Wasuba, ambao lugha yao ni ya Kibantu. Wao walisomewa na kuhubiriwa kwa Kijaluo, na ingawa ndoa, biashara na siasa zilikuwa na sehemu yake, kanisa na shule zilisaidia kukifanya Kijaluo kuwa lugha ya watoto wao. Yaani hadhira moja ilipewa kitabu cha kujibia, na hadhira jirani ikalazimika kubadili ulimi kabla ya kujibu. Mhakiki asemaye tu kwamba tafsiri ilimkomboa msikilizaji hana budi kuongeza: msikilizaji yupi?

6. Ushuhuda, Johera, na Got Kwer

Uamsho ulioanzia Gahini, Rwanda, ulifika Nyanza mwaka 1938 kupitia Waanglikana. Kwa upande wa utendaji ulileta badiliko kubwa: ushuhuda. Mkulima au mama wa nyumbani alisimama katikati ya mkutano akasimulia dhambi zake mwenyewe, na mchungaji akawa msikilizaji. Kwa kipindi kifupi fanani na hadhira walibadilishana viti. Lakini ushuhuda nao uligeuka kuwa kanuni. Waliokwisha kuungama walianza kuwapima wengine kwa mtindo wa maungamo yao, na asiyesimulia kwa namna ile akahesabiwa kuwa hajaokoka. Miongoni mwa waliowapinga Joremo, yaani watu wa damu, kundi lililoitwa Johera, watu wa upendo, lilijitenga chini ya Mathew Ajuoga mnamo 1957 na 1958, likawa Kanisa la Kristo katika Afrika. F. B. Welbourn na B. A. Ogot wamelieleza kanisa hilo katika A Place to Feel at Home (1966), na jina la kitabu chao linasema kwamba watu walikuwa wakitafuta mahali pa kujihisi nyumbani. Nitalirudia wazo hilo la nyumbani, kwani nadhani lina upande ambao haujachunguzwa vya kutosha.

Miaka michache baadaye palitokea mgawanyiko mkubwa zaidi, safari hii upande wa Wakatoliki. Mwaka 1963 msichana mdogo wa umri, Gaudencia Aoko, alianza kuhubiri na kubatiza katika Nyanza Kusini. Inasimuliwa kwamba alifiwa na watoto wake wawili siku moja. Katika kanisa alimolelewa hakuwa na haki ya kupanda mimbari, na katika duol ya zamani asingekuwa na kiti. Alihubiri dhidi ya uchawi, akawapokea watu waliosimamishwa mlangoni kwa miaka na sheria za katekisimu na ndoa, na maelfu wakamfuata. Pamoja naye alikuwapo Simeo Ondeto, ambaye waumini wake humwita Masihi, na kanisa lililotokea ni Legio Maria, lililochukua jina la chama cha waumini wa Kikatoliki kilichoanzishwa Dublin mwaka 1921. Makao yake matakatifu ni Got Kwer, katika kaunti ya Migori, ambako Ondeto alizikwa mwaka 1991 na ambako mahujaji hukusanyika.

Mhakiki wa lugha ana la kujifunza Got Kwer. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, uliokutana 1962 hadi 1965, ulifungua njia ya misa kwa lugha za wenyeji. Wakati huo huo Legio Maria, kanisa la Waafrika lililojitenga na mapadre wa kigeni, liliibakiza misa ya Kilatini kando ya Kijaluo na Kiswahili. Wako waliolicheka jambo hilo, wakasema ni kasuku. Nadhani wamekosea. Kilatini kilikuwa sauti ya mamlaka ambayo wasikilizaji waliisikia kwa nusu karne bila ya kuruhusiwa kuitamka madhabahuni. Kukitwaa kulikuwa ni kukitwaa kiti chenyewe. Hadhira haisikilizi maana ya maneno peke yake. Husikiliza pia ni nani aliye na ruhusa ya kuyasema.

Hata hivyo mwisho wa habari ya Aoko hautupi furaha tupu. Baada ya muda alijitoa katika kanisa alilosaidia kulianzisha, na upadre wa Legio Maria ukabaki wa wanaume. Tumeyaona haya katika Mumbo, tumeyaona katika Uamsho, na sasa tunayaona hapa: msikilizaji aliyepata jibu hupanda mimbari, na akiisha kupanda, yeye au warithi wake huufunga mlango nyuma yao. Cynthia Hoehler-Fatton, katika Women of Fire and Spirit (1996), ameonyesha kwamba katika makanisa ya Roho ya Wajaluo wa magharibi mwa Kenya wanawake walikuwa nguzo za mwanzo, na kwamba nafasi yao ilipungua kadiri kanisa lilivyojipanga kiofisi. Inaelekea basi kwamba tatizo haliko kwa mmisionari wa kigeni peke yake. Liko katika umbo la mimbari.

7. Sokoni na uani

Mhubiri wa sasa husimama sokoni na kipaza sauti. Mjini Migori, ambako Wajaluo, Wakuria, Wasuba, Wagusii, Waluhya na Wasomali hununua katika soko moja, aghalabu husema Kiswahili, na kando yake mkalimani hurudia kwa Kijaluo. Nimesikiliza mikutano kadhaa ya namna hii, na jambo lililonivutia ni kwamba wasikilizaji wengi walikielewa Kiswahili vya kutosha. Mkalimani alikuwa pale kama fanani wa pili. Mhubiri alisema jambo kwa ukali, naye akalilainisha kwa methali. Mhubiri alieleza kwa kirefu, naye akakata kwa neno moja, na kicheko kikaja kwake. Mara moja mwanamke aliyekuwa akiuza omena alimrekebisha mkalimani kwa sauti, umati ukacheka, na mhubiri akalazimika kuuliza kilichosemwa kabla ya kuendelea. Hilo lilikuwa ni jibu, na nasaba yake ni pakruok.

Katika mikutano hiyo hiyo hata hivyo umezuka mtindo mwingine. "Mwambie jirani yako," mhubiri huagiza, kisha hutoa maneno ya kuambiwa jirani. "Kama unaamini, sema Amina." Kwa juujuu hadhira inaonekana kushiriki kuliko wakati wowote, kwani haitulii hata dakika moja. Lakini kila sauti yake imetungwa na mtu mmoja. Mazungumzo ya jirani na jirani, ambayo zamani yalikuwa ndiyo mahali pa siri pa kumpima msemaji, yamegeuzwa kuwa sehemu ya hotuba. Tena kunyamaza, ambako kulikuwa ni silaha ya mwisho ya msikilizaji, kumetafsiriwa mapema: anyamazaye haamini. Kiitikio kimelimeza jibu, na kipaza sauti kimekizidi kicheko cha muuza omena.

Sokoni hasara hiyo ina kikomo, kwa sababu msikilizaji wa soko ana miguu. Akichoka ataondoka akanunue chumvi. Hatari hukua pale ambapo hadhira imekwisha kutoa miguu yake. Mwaka 2023, katika msitu wa Shakahola, kaunti ya Kilifi, ilifukuliwa miili zaidi ya 400 ya watu waliohamia huko kwa kumfuata mhubiri, wengi wao wakiwa wamekufa kwa njaa. Serikali iliunda jopo kuchunguza sheria za mashirika ya dini. Aprili 2025 polisi waliingia katika uwanja wa kanisa moja huko Opapo, karibu na Rongo, kaunti ya Migori, wakawatoa watu zaidi ya 50 waliokuwa wakiishi humo, na miili iliyozikwa humo ikafukuliwa. Makosa ya mtu binafsi yataamuliwa na mahakama, na makala haya hayana la kusema juu yake. Wala matukio hayo mawili hayafanani kwa ukubwa.

Lakini mhakiki wa fasihi simulizi hawezi kuyapita akisema si kazi yake. Nchi ya Migori ni nchi ya watu walioondoka: walimwacha mmisionari, wakawaacha Joremo, wakawaacha mapadre. Iweje katika nchi hiyo hiyo wapatikane watu ambao hawakuondoka? Hapa ndipo ninapolirudia wazo la Welbourn na Ogot. Wao waliona kwamba kanisa huru lilimpa mtu nyumbani. Ningependa kuongeza kwamba msikilizaji huweza kumjibu mhubiri kwa muda ule tu ambao ana nyumbani kwingine: shamba, shemeji, kikundi cha akina mama, hata baraza la pombe. Johera waliweza kujitenga kwa kuwa mashamba yao hayakuwa mali ya kanisa. Aliyeuza shamba, akahamia uani kwa mhubiri, akawakata jamaa zake, amepata nyumbani pamoja tu, na mwenye nyumba ndiye msemaji. Huyo hana tena mahali pa kusimama ili ajibu. Hubaki na kiitikio.

8. Hitimisho

Nimejaribu kuonyesha kwamba mahubiri katika Nyanza Kusini hayakupata kuwa mali ya mhubiri peke yake. Hadhira ilimpa msamiati, ilimcheka, ilimjibu kwa nyoka wa ziwani, ilimshika kwa kitabu chake mwenyewe, ilitwaa Kilatini chake, na mara nyingi ilimwacha akihubiri benchi. Nimekiri pia kwamba kila jibu lilielekea kuzaa mimbari mpya.

Wako watakaosema kwamba kuyaita mahubiri fasihi ni kulivunjia heshima Neno. Kwa maoni yangu, heshima haipungui kwa kuuliza neno hilo lilisikiwaje. Muumini anayeamini kwamba ujumbe watoka kwa Mungu ana sababu kubwa zaidi ya kutaka kujua iwapo aliye mbele yake ameupokea, au ameitikia tu.

Kwa idara zetu za lugha kuna kazi ya kufanya. Tunapokusanya hadithi na nyimbo, tukusanye na mahubiri, kwa Kijaluo, Kikuria, Kisuba na Kiswahili. Na tunapoyaandika kutoka katika kanda, tusifute sauti za wasikilizaji kana kwamba ni kelele. Kila "Amina" iandikwe, ionyeshwe kama iliagizwa au ilijitokea. Kicheko kiandikwe, na mahali kilipoangukia. Mkalimani aandikwe sambamba na mhubiri, na pale wanapotofautiana pasisahihishwe. Zaidi ya yote, mkusanyaji asizime chombo chake mkutano unapofungwa. Atembee na watu kwa ruhusa yao katika njia ya kurudi, awasikilize wakisimuliana walichosikia, kwa kuwa huko ndiko ambako hadhira ya Nyanza Kusini imekuwa ikitoa hukumu zake tangu siku za Gendia. Na mahali ambapo mkusanyaji atakuta kwamba hakuna njia ya kurudi, kwa sababu wasikilizaji wote wanalala palepale walipohubiriwa, aliandike hilo pia, na asilichelewe kulisema.